Alfajiri ya Bati

Yote nitakayoandika hapa ni kweli tupu. Naapa kwa macho yangu haya mawili, na asiyeamini aje ayapime. Najua mtaani wanasema Mzee Swichi akikwambia habari za asubuhi, chungulia kwanza dirishani. Waseme. Hadithi zangu nyingine huwa natia chumvi, sikatai, na ziko ambazo ni chumvi bila mboga. Hii sijaitia hata chembe. Nikikutwa na uongo ndani yake, nitalipa mbele za watu.

Nilikuwa mtu wa taa katika jumba la michezo ya kuigiza kwa miaka thelathini na mmoja. Shule ya taa sikusoma. Nilianza kwa kufagia jukwaa. Siku moja fundi wa taa akaanguka ngazi, akavunjika mguu, na mkurugenzi akauliza nani anajua kuwasha. Nikasema mimi, na kweli nilijua: swichi ilikuwa ukutani. Jina likanikaa hapo hapo. Mengine nilijifundisha kwa kuungua vidole.

Sasa njoo kwenye alfajiri. Tulikuwa na mchezo wa mjane anayekesha akisubiri kupambazuke. Dakika tisa za mwisho hakuna anayesema neno. Jua linachomoza, mjane anakunja shuka la marehemu, basi. Dakika tisa za mwanga mtupu, na kazi ya mwanga ni yangu. Nilipanda juu ya paa la jumba siku kumi na saba mfululizo, na daftari na rula, nikalipima jua hatua kwa hatua kama fundi anavyompima mtu suti. Siku ya kwanza ya maonyesho ilikuwa saa kumi jioni. Nilipoanza kupandisha mwanga, majogoo wa nyumba ya jirani wakawika wote. Jaji mmoja wa safu ya tatu akaamka usingizini akaanza kupapasa mswaki. Mama mmoja nyuma kabisa akamsukuma aliyekaa naye, "Toka upesi, kumekucha, mume wangu anarudi!" na aliyekaa naye alikuwa ni huyo huyo mumewe.

Mchezo ulipofungwa nikaitia alfajiri ile ndani ya bati. Ni taa ya mezani, kimo chake kama cha mtoto anayetambaa akisimama. Nilikata bati la maziwa ya unga la kilo kumi, nikaliweka juu ya sindano ili lizunguke, na kileleni nikalehemu mabawa kama ya feni. Ndani kuna balbu. Balbu ikipata moto, hewa inapanda, mabawa yanasukumwa, bati linazunguka polepole. Ubavuni kuna madirisha manne yaliyozibwa kwa plastiki za rangi, zile tunazoweka mbele ya taa za jukwaa. Madirisha yanapita ukutani moja baada ya jingine: samawati ya kabla ya jua, waridi, chungwa, kisha manjano ya asubuhi kamili. Ukuta wowote, hata wenye ukungu, unapambazukiwa.

Taa hiyo nimekaa nayo nyumbani tangu hapo. Kila mgeni nilimwashia, na kila mgeni alikula hadithi ya majogoo kabla hajapewa chai.

Nina binti mmoja. Yeye alisomea taa hasa, na vyeti anavyo, na kazi yake ni kuwaambia watu wenye nyumba kubwa wapi waweke kivuli. Mwaka huu jumba letu la zamani lilikuwa linakarabatiwa, akapewa taa za ukumbi wa kuingilia. Akaja kwangu asubuhi moja na mwenyekiti wa kamati ya ukarabati, mzee wa rika langu, daktari wa meno aliyestaafu ambaye sasa anakusanya taa za zamani. Huyu bwana anazo mia mbili na kumi na mbili, zote ndani ya makabati ya kioo, na haruhusu hata moja iwashwe. Yeye mwenyewe husoma gazeti chini ya taa ndefu nyeupe inayolia kama nzi. Niliwahi kumuuliza kwa nini. Akasema, "Meno ya kuonyesha hayatafuni."

Nilifunga mapazia, nikawasha. Daktari wa Meno akalitazama bati mizunguko mitatu. Kisha akavua miwani.

"Hii iwekwe katikati ya ukumbi," alisema. "Na kibao cha shaba. Nani aliibuni?"

"Mimi."

"Baba," binti yangu akasema.

"Nini tena?"

"Mama anasema rangi zilikuwa zake."

Mama yake na mimi tuliachana zamani. Alikuwa mpiga pasi wa mavazi pale jumbani, na sasa anaishi na binti yetu. Tukikutana misibani tunasalimiana kwa kidevu.

"Mama yako alinisaidia kukata," nikasema. "Sikatai. Lakini tangu lini mkata kitambaa akawa ndiye fundi cherehani?"

"Tangu cherehani kuanza, baba. Kushona hata mimi nashona. Kukata ndiyo kazi."

Daktari wa Meno akacheka, halafu akatazama saa. "Jamani, mimi nataka jina moja. Kibao hakina nafasi ya kesi."

Binti yangu akanisogelea, akashusha sauti kana kwamba yule mzee hayupo. "Nyumba alikuachia. Vyombo alikuachia. Hajakuomba kitu tangu nikiwa darasa la pili. Ameomba hili. Sema tu jina lake, baba, hata liwe la pili."

Nikalitazama bati likizunguka. Nikasema, "Niliibuni mimi. Peke yangu."

Binti yangu aliandika kwenye daftari lake. Kalamu ilikwama kidogo kwenye "peke".

Wiki tatu baadaye niliitwa jumbani asubuhi kuifunga taa na kuijaribu mbele ya kamati, yaani mbele ya Daktari wa Meno na kikombe chake cha kahawa. Ukumbi ulinuka vanishi. Ngazi bado zilikuwa zimeegemea ukuta, na sakafuni kulikuwa na magazeti yenye alama za viatu vya wapaka rangi. Binti yangu alikuwa amezificha taa zake dari nzima, huoni balbu hata moja, unaona tu kwamba uso wa kila mtu umekuwa mpole. Ni kazi nzuri. Sikumwambia.

Katikati palikuwa na stendi ya mbao, na kwenye stendi kibao cha shaba kimekwisha kufungwa kwa skrubu nne: jina langu, chini yake neno moja, MBUNIFU. Niliking'arisha kwa mkono wa shati.

Ndipo nikamwona mama yake. Alikaa kwenye kiti cha plastiki karibu na mlango, mkoba magotini.

"Naona umealika mashahidi," nikamwambia binti yangu.

"Amekuja kuona kazi yangu, baba. Haya, bati nimelisafisha. Niliweka balbu za siku hizi, likagoma kuzunguka."

"Balbu zenu hazina joto. Ni kama wachumba wa siku hizi."

"Nimekurudishia ya zamani. Na hizi hapa plastiki mpya." Akanikabidhi boksi bapa. "Nimezikata kwa kipimo cha madirisha. Humo zimo na zangu za kijani, za kumulikia mimea ya pale mlangoni, usizichanganye. Zile kuukuu nimezitupa. Zilikuwa zimepauka, halafu pembeni zimetafunwa na panya."

Vidole vyangu vilikuwa tayari ndani ya boksi. Vilikuwa vinapapasa kingo. Kingo zote zilikuwa laini.

"Panya huyo ni mimi," mama yake akasema pale kwenye kiti.

Binti yangu akageuka. "Unasemaje, mama?"

"Mwache baba yako afanye kazi."

Hapa msomaji inabidi nikwambie kitu ambacho sikukwambia wakati naapa. Macho yangu ni mawili kweli, na yanaona nukta ya sisimizi mwisho wa ukumbi. Ila rangi yanaona nusu. Samawati naiona, manjano naiona. Kijani, chungwa, nyekundu, kahawia, kwangu hizo ni ndugu wa tumbo moja waliovaa sare. Waridi ni majivu. Nilizaliwa hivyo, na nilipomwambia mkurugenzi kwamba najua kuwasha, hakuniuliza kama najua kuona.

Mpiga pasi ndiye aliyegundua, mwezi wangu wa kwanza, nilipommulika bibi harusi wa jukwaani kwa kijani mpaka watu wakadhani amelishwa sumu. Hakusema kwa mtu. Alichukua mkasi wake wa mavazi, akakaa sakafuni, akazikata plastiki zote pembeni vijino vidogo. Kijino kimoja waridi. Viwili chungwa. Vitatu kijani. Vinne nyekundu. "Soma kwa kidole," akaniambia, "kama kuhesabu mishono." Baadaye nilimwoa. Ningemwoa nani mwingine?

Na alfajiri? Juu ya paa nilipanda siku moja, si kumi na saba, nikashuka kwa sababu ya baridi. Yeye ndiye aliyekuwa anaamka mapema kuwasha makaa ya pasi, na kila siku aliliona jua likiingia kupitia nguo nyeupe zilizoanikwa uani. Aliniambia, weka waridi kabla ya chungwa, watu wote wanakosea hapo, na waridi usiikawize, inapita kama mtu anayeona haya. Nilipandisha vishikio vya taa kama alivyohesabu, kwa sauti ya chini, amekaa miguuni pangu chumba cha taa. Watu walilia. Nilichungulia nione wanalia nini. Nikaona majivu, kisha tope, kisha manjano.

Mwandishi wa gazeti alikuja kesho yake. Akauliza, ulibuni peke yako? Mpiga pasi alikuwa nyuma ya pazia na nguo ya mjane mezani, nilikuwa naisikia pasi ikienda na kurudi. Nikasema, peke yangu. Pasi ikasimama. Hakuniacha siku hiyo, aliniacha miaka baadaye, kwa sababu nyingine kumi ndogo ndogo. Lakini pasi ilisimama siku hiyo. Na toka alipoondoka, nilikuwa nikizikata plastiki mpya kwa kufuatisha vijino vya zile za kwanza, nikimwomba muuza duka anisomee rangi. Nilizifuatisha mpaka nikaanza kukosea, ndipo nikastaafu. Watu waliambiwa ni mgongo.

Turudi ukumbini. Ningeweza kusema nimesahau miwani. Ningeweza kumwita binti yangu pembeni. Badala yake nikavuta plastiki nne kwa madaha, nikazipachika madirishani nikipiga mluzi. Samawati niliijua. Manjano niliijua. Mbili za katikati nilizichagua kama mtu anavyochagua nyanya za kupewa bure. Nikawasha. Bati likapata moto, likajikohoza, likaanza kuzunguka. Mimi niliona ukuta ule ule niliouona miaka yote: samawati, majivu, tope, manjano. Nikanyanyua mikono.

"Kumekucha!"

Daktari wa Meno alishusha kikombe.

"Mzee mwenzangu," akasema, "mbona hili jua lako lina nyongo?"

"Ni vanishi ya ukuta," nikasema. "Inakula rangi."

Binti yangu alikuwa ananitazama kama anavyotazama waya ambao hajui unaelekea wapi. Akafungua boksi. Akatoa plastiki mbili, akanyanyua moja kila mkono mbele ya dirisha.

"Baba, ipi ya kijani?"

"Mwanangu, unanipa mtihani?"

"Ipi?"

Nikasema moyoni, nusu kwa nusu, nimeshawahi kushinda kwa kidogo kuliko hapo. "Ya kushoto."

"Zote mbili ni za chungwa, baba."

Mwongo anapokamatwa na mtoto aliyemzaa, hata kukasirika hawezi. Nilimfundisha mwenyewe.

Daktari wa Meno hakuelewa kwanza, kisha akaelewa, na akafanya jambo la kiungwana, akaenda kutazama mimea. Binti yangu akamgeukia mama yake.

"Ulikuwa unajua?"

"Nilimwazima macho yangu miaka kumi. Nitakosaje kujua?"

"Mbona hukuniambia? Mbona hukumwambia mtu yeyote? Ungesema neno moja tu, asingethubutu."

"Mtu wa taa asiyeona rangi wangempa nini zaidi ya ufagio aliotoka nao? Na wewe ulikuwa tumboni." Akafungua mkoba, akatoa mkasi. Ni ule ule, wenye kitambaa kwenye kishikio. "Baadaye nikaona nitasubiri. Nilidhani siku moja mwenyewe ataona aibu. Nguo ya kuazima haistiri matako, Swichi. Umetembea nayo mtaa mzima ukidhani watu wanashangilia mwendo."

"Nitabadilisha kibao," nikasema. "Sasa hivi. Nipeni bisibisi."

"Kibao utabadilisha, hilo ni la skrubu nne. Mimi sijaja kwa ajili ya shaba."

"Unataka nini, basi?"

"Jumamosi wakija wageni wa ufunguzi, taa ikizunguka, utasimama pale useme unachokiona. Dirisha kwa dirisha. Usinitaje, usinisifu, sifa zako nazijua. Sema tu unachokiona wewe."

Nilikifungua kibao mwenyewe. Skrubu ya tatu ilikuwa imeliwa kichwa, ikanichukua muda mrefu, na wao wakasubiri bila kunisaidia. Mama yake akakaa sakafuni juu ya magazeti, kama zamani, akachagua plastiki na kuzirekebisha kwa mkasi. Alizinyoosha kingo zote nne. Hakukata kijino hata kimoja. Nilimwangalia mpaka mwisho, nikidhani mkono utamponyoka kwa mazoea.

"Ikoje?" nikamuuliza alipokwisha kupachika. Nilikuwa sijawahi kumuuliza. "Hiyo alfajiri. Ikoje?"

"Umewasimulia watu miaka yote. Jisimulie."

Jumamosi saa kumi jioni ukumbi ulijaa. Walikuja waigizaji wazee na mikongojo yao, majirani, watu wangu wa mtaani waliokula majogoo yangu na chai. Kibao kipya kilikuwa na majina matatu ya mpiga pasi, lake, la baba yake na la babu yake, na chini yake MBUNIFU, na chini kabisa kwa herufi ndogo, binti yangu alivyoamua, kazi ya bati: na jina langu. Sikulistahili hata hilo dogo, lakini bati kweli nililikata mimi.

Mama yake alikaa mbele, mkoba magotini. Daktari wa Meno akazima taa za dari, binti yangu akawasha ile ya bati. Tulisubiri balbu ipate moto. Kisha ukuta ukaanza, na nikasikia ukumbi mzima ukivuta pumzi kwa pamoja, sauti ile ile ya siku ile.

Nikasimama karibu na stendi.

"Dirisha la kwanza," nikasema, "naona samawati."

Wazee wa mikongojo wakasogea mbele.

"La pili naona majivu. La tatu naona tope. La nne manjano." Nikashika ukingo wa stendi. "Mimi rangi nyingi sizioni. Sijawahi kuziona. Miaka thelathini na mmoja nimewasha taa ambazo sikuwa nazijua. Alfajiri hii sijawahi kuiona hata siku moja."

Halafu mmoja nyuma akaangua kicheko.

"Huyo Swichi huyo! Mtu wa taa haoni rangi!"

"Hii mpya!" mwingine akadakia. "Hii imepita ya majogoo!"

"Na jaji je, mswaki aliupata?"

"Nasema kweli," nikasema. "Jamani, naapa kwa macho yangu—"

Ndipo ukumbi mzima ukavunjika mbavu. Walipiga makofi, walipiga magoti yao, mwigizaji aliyeigiza mjane wakati ule alifuta machozi kwa ncha ya mtandio. Daktari wa Meno peke yake hakucheka. Alikuwa anavitazama viatu vyake. Binti yangu alinyanyua mkono awanyamazishe, mama yake akamshika kiwiko akaushusha.

Nikamtazama yule mpiga pasi. Uso wake ulikuwa unapitiwa na rangi moja baada ya nyingine, mbili kati ya hizo sizijui.

"Nimelipa," nikamwambia.

"Hawajasikia," akasema. "Rudia."

"Mpaka lini, mama?" binti yangu akauliza.

"Mpaka waache kucheka."

Bati lilikuwa limemaliza mzunguko. Samawati ikarudi ukutani. Nikasafisha koo, nikaanza upya: dirisha la kwanza.